Unyayo ambao mtoto wa Usinge angeutambua

Treni ya Kigoma ikishatoka Tabora hupita Usoke, Urambo na Kaliua. Hapo Kaliua reli inagawanyika, tawi moja linashuka kusini kwenda Mpanda na jingine linaendelea magharibi. Anayeendelea magharibi hufika Usinge, kata ya Wilaya ya Kaliua ambayo watu wengi huiona kwa dakika chache tu kupitia dirisha la behewa, wakanunua karanga au asali, kisha wakaisahau kabla ya kufika Nguruka.

Ni makosa kuisahau haraka hivyo. Ukishuka na kuelekea kusini mwa reli unaukaribia upande wa Ziwa Sagara, ambako Mto Ugalla hupita ukienda kukutana na Malagarasi. Msitu wa miombo unaanza kukatika, ardhi inalainika, na mitumbwi inachukua nafasi ya baiskeli. Bonde hili ni sehemu ya ardhioevu ya Malagarasi-Muyovozi, yenye zaidi ya hekta milioni 3, ambayo mwaka 2000 ilikuwa eneo la kwanza la Tanzania kuingizwa katika orodha ya kimataifa ya Ramsar. Kuna samaki, kuna ndege wa kila aina, kuna mbung'o, na kuna viboko.

Kwa mzazi anayeishi karibu na maji haya, kiboko si mnyama wa kwenye kitabu cha picha. Mchana hukaa majini, usiku hutoka kula majani, na hupenda kupita njia ileile mpaka ikawa mfereji. Mtoto hufundishwa mapema asikae kwenye njia hiyo jua likizama. Hufundishwa pia kuusoma unyayo: vidole vinne, vyote vimegusa ardhi, vimetawanyika kama petali za ua. Akiuona mbichi, anageuza.

Sasa tuvuke bahari. Mapema Januari 1934, wataalamu wa Makumbusho ya Historia ya Asili mjini London waliletewa nakala za plasta za nyayo kubwa zilizokutwa ufukweni mwa ziwa moja la Scotland liitwalo Loch Ness. Magazeti yalikuwa yameshaandika kwamba hizo ni nyayo za dubwana lisilojulikana na sayansi. Wataalamu wakazichunguza na kutoa jibu lililowavunja wasomaji mbavu: ni nyayo za kiboko. Tena si kiboko mzima. Zote zilionekana kugongwa kwa mguu mmoja uleule, mguu mkavu wa aina ambayo matajiri wa Uingereza enzi hizo walipenda kuweka nyumbani kama chombo cha kusimamishia miavuli au kutilia majivu ya sigara.

Aliyezigundua nyayo hizo alikuwa mwigizaji wa sinema. Na jambo linalomfanya astahili kutajwa katika makala kuhusu Usinge ni hili: miaka tisa kabla ya hapo alikuwa amejulikana kwa kuigiza kama David Livingstone, msafiri ambaye jina lake limeshonwa kwenye njia hii ya Tabora na Ujiji kama uzi kwenye kanga.

Sinema za bila sauti

Aliitwa Marmaduke Arundel Wetherell, Mwingereza aliyezaliwa mwaka 1883 na aliyefanya sehemu ya kazi zake Afrika Kusini. Alianza uigizaji enzi za sinema bubu, yaani zile ambazo mwigizaji hasikiki. Midomo inacheza, mikono inarushwa, macho yanatolewa, kisha yanakuja maandishi kwenye kioo kueleza kilichosemwa. Ukumbini hukaa mpiga kinanda kuongeza hofu au furaha. Kwa hiyo kazi yote ya kumfanya mtazamaji aamini ilikuwa kwenye mwili na kwenye picha.

Kwenye fani hiyo Wetherell hakuwa mkubwa kuliko wote. Enzi hizo Italia ilikuwa na Bartolomeo Pagano, kuli wa bandari ya Genoa aliyechukuliwa kwa sababu ya kifua na mabega yake, akapewa nafasi ya Maciste katika filamu ya Cabiria. Maciste alikuwa mtumwa wa Kiafrika, na Pagano alipakwa rangi nyeusi ili aonekane Mwafrika. Watazamaji wakampenda mno. Akaendelea kuwa Maciste filamu baada ya filamu kwa zaidi ya miaka kumi, ila ile rangi iliwekwa kando mapema, na Mwafrika yule akageuka kuwa shujaa wa Kiitaliano bila mtu kuulizwa. Cabiria ilionyeshwa kwa mara ya kwanza mwaka 1914, mwaka uleule ambao reli ya Wajerumani kutoka Dar es Salaam ilifika Kigoma, ikiwa imepita Usinge. Wakati Afrika ya rangi ya kupaka inashangiliwa Ulaya, Wanyamwezi waliokuwa wakibeba pembe za ndovu kwa mabega walikuwa wanaona kazi yao ikichukuliwa na mabehewa.

Wetherell alichagua njia nyingine. Yeye hakutaka Afrika ya studio. Filamu yake ya Livingstone, iliyotoka mwaka 1925, aliiongoza mwenyewe, akaigiza mwenyewe kama Livingstone, na akaja Afrika na kamera kupiga picha. Nafasi ya Henry Morton Stanley ilichukuliwa na Henry Walton. Baadaye, mwaka 1927, alitoa Robinson Crusoe, hapo pia akiwa mwongozaji na mhusika mkuu, na mwaka huohuo akatengeneza filamu ya The Somme kuhusu mapigano makubwa ya Vita ya Kwanza ya Dunia. Halafu sauti ikaingia kwenye sinema, na kama ilivyowatokea wengi wa kundi lake, simu zikapungua. Alibaki na sifa mbili: mtu wa filamu na mwindaji wa wanyama wakubwa wa Afrika.

Yasiyoingia kwenye filamu

Filamu ya maisha ya mtu lazima ikate. Ikae muda wa mtu kukaa kitini bila kuchoka, iwe na shujaa mmoja na tukio moja kubwa. Kwa Livingstone tukio hilo linajulikana na kila mtoto wa shule: Stanley anamkuta Ujiji mwishoni mwa mwaka 1871, anavua kofia, anatoa ile salamu maarufu. Wanahistoria wengine wanatilia shaka kama salamu hiyo ilitamkwa kweli, kwa sababu kurasa za siku hizo zilichanwa kwenye shajara ya Stanley. Kwenye sinema shaka haina nafasi. Salamu inaandikwa kwenye kioo, basi imekuwa kweli.

Lakini anayesafiri leo kutoka Tabora hadi Usinge anapita kwenye hadithi nyingine, na pengine ni tamu zaidi. Njia fupi ya misafara kutoka Tabora kwenda Ujiji ilipita huku magharibi, kwenye nchi ya Mtemi Mirambo wa Urambo. Mwaka 1871 Mirambo aliifunga. Wafanyabiashara Waarabu wa Tabora walikwenda kumpiga, Stanley akajiunga nao kwa kujiamini kwingi, na wakarudi wameshindwa vibaya. Mwezi huohuo wa Agosti Mirambo akaja mpaka Tabora yenyewe na kuichoma moto. Stanley alilazimika kuondoka Kwihara mwezi Septemba kwa njia ya kuzunguka kusini kabisa, wiki nyingi za ziada, kisha kupanda tena kaskazini kuvuka Malagarasi. Yaani ile salamu ya Ujiji ilicheleweshwa na mtawala Mnyamwezi ambaye Ulaya ya wakati huo ilimwona kama kikwazo barabarani tu, wakati yeye alikuwa anadai haki yake kwenye biashara iliyopita katika nchi yake.

Kuna pia suala la dawa. Mwanzoni mwa mwaka 1867 Livingstone aliibiwa kisanduku chake cha dawa na wapagazi waliotoroka, na kwinini yake yote ikaenda nacho. Yeye mwenyewe alikuwa daktari, akijua vizuri maana ya kutembea bila kwinini katika nchi ya malaria. Kwa miaka iliyofuata aliishi na homa, kuhara na vidonda vya miguu. Stanley alipomkuta alimkuta mzee dhaifu asiye na meno mengi. Katika vitu vyote alivyoletewa, chakula na dawa ndivyo vilivyompa siku zaidi.

Wawili hao walifika Kwihara, nje kidogo ya mji wa Tabora, Februari 1872. Stanley aliondoka Machi kurudi pwani. Livingstone akabaki hapo hadi Agosti akisubiri wapagazi na bidhaa. Tembe alilokaa limejengwa upya na sasa ni makumbusho, na mzazi aliye Tabora na watoto wakati wa likizo hana sababu ya kutokwenda. Ni nyumba ya udongo yenye vyumba virefu na milango mizito ya mbao iliyochongwa. Watoto hupenda ramani zaidi kuliko maelezo. Waonyeshe mstari unaotoka Bagamoyo, kisha waulize mpagazi mmoja alibeba nini. Jibu ni mzigo wa frasila mbili, kilo 30 na ushee, begani, kwa miezi.

Na ni wapagazi na watumishi waliofanya jambo kubwa kuliko lolote kwenye hadithi hii. Livingstone alipofariki Mei 1873 katika nchi ambayo sasa ni Zambia, kina Chuma na Susi walizika moyo wake chini ya mti, wakaukausha mwili kwa chumvi na jua, wakaubeba. Oktoba walikuwa Kwihara. Hapo wakakutana na Luteni Cameron, Mwingereza, aliyewashauri wauzike mwili palepale. Wakakataa. Februari 1874 wakaufikisha Bagamoyo, na Aprili mwaka huo ukazikwa Westminster Abbey, London.

Kamera ya mwaka 1925 ilikuwa na jambo jingine la kupiga huku, kama ingetaka. Miaka hiyohiyo ya 1920, malale yalikuwa yanaua watu magharibi mwa Tabora. Ugonjwa huu huletwa na vimelea vinavyoenezwa na mbung'o, huanza kama homa ya kawaida na kuumwa kichwa, kisha huingia kwenye ubongo, mgonjwa akasinzia mchana, akachanganyikiwa, na asipotibiwa hufa. Serikali ya kikoloni iliamua kuwahamisha watu kutoka vijiji vilivyotawanyika porini na kuwakusanya kwenye makazi makubwa yaliyofyekwa, ili mbung'o wakose kivuli. Familia ziliacha mashamba, mizinga na makaburi ya wazazi wao. Maisha mengi yaliokolewa, na pori likachukua sehemu zilizoachwa. Msitu huo mnene msafiri anaousifu leo kupitia dirisha la treni, akidhani haujawahi kukaliwa na mtu, sehemu yake ulikuwa vijiji.

Sinema yenyewe ilikuja kwenye afya miaka michache baadaye. Kati ya 1935 na 1937 mradi mmoja uliokuwa na makao Vugiri, kwenye milima ya Usambara, ulitengeneza filamu zipatazo 35 zikiwa na waigizaji Waafrika na kuzizungusha kwa lori Afrika Mashariki. Miongoni mwake zilikuwamo za minyoo ya safura na malaria kwa watoto. Kwa watazamaji wengi picha za kwanza kuonekana zikitembea kwenye shuka jeupe zilikuwa za choo na chandarua.

Mguu mmoja

Turudi kwa Wetherell. Mei 1933 gazeti moja la Scotland liliandika kuhusu kiumbe kikubwa kilichoonekana Loch Ness, na kufikia mwisho wa mwaka habari imeshavimba. Gazeti la Daily Mail la London likaamua kutuma mtaalamu wake. Likamchagua Wetherell. Ukitazama sababu utaona zinafanana na zile zinazotufanya tuamini watu kwenye simu zetu: alikuwa na sura inayojulikana, alikuwa ameshaonekana kwenye sinema akiwa Afrika, na aliitwa mwindaji. Desemba alifika ziwani na ndani ya siku chache tu akatangaza kwamba amepata nyayo mbichi za mnyama mwenye vidole vinne.

Vidole vinne. Hapa ndipo mtoto wa mvuvi wa Sagara angenyoosha mkono darasani. Angeuliza pia swali la pili, ambalo lina maana zaidi: mbona miguu yote ni sawa? Unyayo wa mbele wa kiboko haulingani kabisa na wa nyuma, na wa kulia umegeukia tofauti na wa kushoto. Nyayo za mnyama anayetembea zinapishana, zinazama zaidi mahali penye tope, zinaacha alama pale alipogeuka. Nyayo zilizogongwa kama muhuri hazina mwendo ndani yake. Mji wa London ulihitaji wanasayansi wa makumbusho kulisema hilo kwa sababu wasomaji wa Daily Mail hawakuwa wamewahi kukatazwa na mama zao kukaa kwenye njia ya kiboko.

Wako wanaosema Wetherell alitegwa na watani wa kienyeji, na wako wanaosema nyayo zilikuwa kazi yake mwenyewe. Vyovyote iwavyo, alichekwa. Akarudi nyumbani amefedheheka.

Aprili 1934 Daily Mail lilichapisha picha mpya. Shingo nyembamba na kichwa kidogo vikitokeza majini, giza likiwa nyuma. Aliyeileta gazetini hakuwa mwigizaji. Alikuwa Dk. Robert Kenneth Wilson, daktari wa magonjwa ya wanawake wa London, mtu wa heshima zake. Hakutaka jina lake litumike sana, na hilo likaongeza uzito. Picha ikabaki kuitwa tu picha ya daktari wa upasuaji. Kwa miaka 60 ilichapishwa vitabuni. Watu walioicheka hadithi ya mguu wa kiboko waliiheshimu picha hii, kwa sababu imetoka kwa daktari.

Mwaka 1994 ukweli ukatoka hadharani. Christian Spurling, mtoto wa kambo wa Wetherell, alikuwa ameeleza kabla ya kufa kwake mwaka 1993 kwamba yeye ndiye aliyelichonga dubwana. Alichukua nyambizi ya watoto ya kuchezea, ile ya kununua dukani, akaibandika shingo na kichwa cha udongo wa mbao. Ian, mtoto wa Wetherell, alikuwamo kwenye mpango. Daktari alipewa tu kazi ya kuipeleka picha. Kisha kuna jambo la kingo: picha iliyozoeleka imekatwa. Katika ile nzima, yenye maji mengi kuzunguka, dubwana ni kitu kidogo, na viwimbi vilivyo pembeni yake vinaonyesha hivyo. Kukata kingo ndiko kulikolifanya kubwa.

Wetherell alikuwa amejifunza hayo kwa miaka yote ya sinema bubu. Picha isiyo na sauti humwachia mtazamaji kazi ya kujaza mwenyewe, na mtu huamini zaidi kile alichojijazia.

Leo kwenye simu ya mzazi yeyote, awe Usinge au Ubungo, kuna kundi la familia, na katika kundi hilo mara kwa mara hudondoka video ya mtu aliyevaa koti jeupe. Anasema usimpe mtoto chanjo fulani, au majani fulani yanaponya degedege, au maji ya kitu fulani yanasafisha figo. Mara nyingi haina jina la hospitali, imekatwa mwanzo na mwisho, na imekuja kwa shangazi ambaye kila mtu anamwamini. Mtoto wa miaka kumi anaitazama begani kwako. Maswali ya kumwachia si magumu: huyu ni nani, yuko kituo gani cha afya, kabla ya hapa alikuwa anasema nini, na mbona picha imekatwa hapa? Halafu mnakwenda kumuuliza mhudumu wa zahanati, ambaye hana koti jeupe kila siku lakini ana jina na mnajua anakoishi.

Kwa malale, kwa mfano, hakuna video itakayofaa badala ya kipimo cha damu. Mtoto aliyetoka kuchunga, kurina asali au kuvua upande wa pori, akapata homa isiyoshuka kwa dawa za malaria, ana uvimbe pale alipoumwa na mbung'o, au ameanza kusinzia ovyo, apelekwe kituo cha afya na mzazi aseme wazi kwamba wametoka eneo la mbung'o. Wahudumu hawawezi kulikisia hilo kama mmekuja mjini kutibiwa. Nguo za rangi ya bluu na nyeusi huwavutia mbung'o, kwa hiyo porini ni afadhali rangi za udongo, mikono mirefu na suruali.

Wetherell alifariki mwaka 1939 huko Johannesburg, wakati picha ya dubwana bado inaaminiwa. Nyumba ya Kwihara ipo. Treni ya Kigoma ingali inasimama Usinge, na atakayeshuka na watoto akawaomba wenyeji wamwonyeshe unyayo wa kiboko, amwombe mtu mzima anayeyajua maji yale, aende asubuhi jua likishapanda, na asifuate ule mfereji wa majani yaliyolala.